Ukimwalika Rafiki Minecraft, Unamkaribisha Wapi?

Kila mwenye ulimwengu wake ndani ya Minecraft hufikia siku anapotamani mtu mwingine auone. Amechimba pango hadi akakutana na lava, amejenga daraja la mawe juu ya mto, ng'ombe wamezaliana mpaka zizi limejaa, na hana wa kumwonyesha. Ndipo ujumbe unapotumwa kwenye kikundi cha WhatsApp: njooni tucheze. Wengi wanaitikia, wachache wanafika kweli, na baada ya wiki mbili tatu mwenye ulimwengu yuko peke yake tena, akizunguka kati ya vibanda ambavyo wenzake waliviacha nusu.

Lawama huenda kwa intaneti, kwa simu, kwa bando lililokwisha, au kwa marafiki wasiotulia na jambo. Sababu hizo zipo na nitazipitia. Lakini kwa maoni yangu chanzo kikubwa kiko kwa mwalikaji mwenyewe. Alifungua mlango bila kugawa chochote: ulimwengu ulibaki wake, saa za kuingia zilikuwa zake, kazi tamu alikuwa ameshazimaliza, na mgeni akabaki kutembezwa. Mtu akitembezwa mara moja huridhika. Harudi kesho kutembezwa tena.

Kwa ambaye hajaucheza, mchezo huu ulitolewa hadharani kwa mara ya kwanza Mei 2009 na Markus Persson, mtengenezaji programu wa Sweden, na toleo lake kamili likatoka Novemba 2011. Mwaka 2014 Microsoft iliinunua kampuni ya Mojang, yenye mchezo huo, kwa dola bilioni 2.5, na Oktoba 2023 ikatangazwa kwamba nakala zilizouzwa zimepita milioni 300. Ndani yake hamna hadithi ya kufuata. Unajikuta porini mikono mitupu, na kila unachokiona, uwe mti, mchanga au mlima, ni matofali unayoweza kuyavunja na kuyapanga upya. Lipo joka la kuuawa kwa anayetaka, ila wengi hawajawahi kulifikia na wala hawaoni wamekosa nini. Kwenye toleo la kompyuta liitwalo Java, ulimwengu mmoja unaenea matofali milioni 30 kutoka katikati kwenda kila upande, na tofali moja huhesabiwa mita moja. Hakuna anayeweza kulimaliza eneo hilo kwa miguu. Ukiwa peke yako humo, upweke unausikia.

Kwenye vibanda vya gemu vya mitaani, iwe Manzese au Eastleigh, mwaliko hauna utata: pedi mbili, mechi moja ya mpira, anayefungwa anampisha anayesubiri. Mechi ikiisha imeisha, na uwanja unarudi ulivyokuwa. Minecraft haina kipenga cha mwisho. Ukuta uliojengwa leo utakuwepo mwakani, na uliobomolewa hautasimama wenyewe. Anayekualika anakupa ruhusa ya kuacha alama kwenye kitu chake, iwe njema au mbaya, na hilo ni jambo kubwa kuliko wengi wanavyofikiri wanapotuma ule ujumbe wa maneno mawili.

Swali la kwanza, basi, ni mahali ulimwengu wenyewe unapokaa. Ulimwengu wa Minecraft ni faili, na faili lazima liwe ndani ya mashine ya mtu fulani. Mwenye mashine ndiye mwenye ufunguo.

Njia ya kawaida kwetu ni simu. Toleo la Bedrock, linalotumika kwenye simu, kwenye koni za gemu na kwenye Windows, humruhusu mtu kufungua ulimwengu ulio kwenye simu yake na marafiki wakaingia, jumla wasizidi wanane pamoja naye. Haina malipo ya ziada na haihitaji utaalamu. Ubaya wake ni kwamba mwenyewe akifunga simu, wote wanatupwa nje. Mgeni aliyekuwa anaezeka paa anaachwa hewani. Anayetaka kuendelea saa nne usiku hana pa kuingilia mpaka mwenyeji apate nafasi. Nimewahi kumwona kijana akimwandikia mwenzake usiku wa manane kumsihi awashe simu, ili tu akavune ngano aliyoipanda mwenyewe. Urafiki hauvumilii kuombana hivyo kwa muda mrefu. Aliyeomba mara ya tatu huacha, na mwenyeji anabaki akijiuliza kwa nini fulani haji tena.

Walio nyumba moja wana njia bora kuliko zote. Simu zikiwa kwenye Wi-Fi moja, ulimwengu wa mmoja huonekana kwenye orodha ya wengine, na mawasiliano yanapita baina ya simu zenyewe bila kwenda nje. Likizo ya Desemba kwa dada yangu, watoto watatu walikaa sebuleni kwa namna hiyo: mkubwa kawasha hotspot, data kaizima, na bando halikuguswa mchana kutwa. Usiku ulipoingia ndani ya mchezo, mdogo wao akawa bado yuko machimboni, huku wenzake wawili wameshapanda vitandani. "Kaka, msilale kwanza, mimi sijafika!" Usiku haukukatika mpaka alipofika, kwa sababu kwa desturi ya mchezo wachezaji wote walio ndani sharti walale ndipo kupambazuke upesi. Kwa miaka mingi mtu mmoja mbishi aliweza kuwakesha wote. Mwaka 2021 toleo la Java lilileta sheria inayomruhusu mwenyeji kuweka asilimia ya watu wanaotosha kulala, na naamini mabadiliko hayo madogo yameokoa ujirani mwingi. Lakini wale watoto hawakuihitaji. Walikuwa wanasubiriana, na nilipowaangalia niliona kwamba kusubiriana kule ndiko kulikowafanya wacheze mpaka wakaitwa kula.

Walio mbalimbali wanahitaji ulimwengu usiolala. Kwa malipo ya kila mwezi, huduma ya Realms ya Mojang yenyewe huuweka ulimwengu kwenye mashine zao, ukawa wazi saa zote hata mwenyewe akiwa safarini, na kifurushi chake kikubwa kinabeba wageni kumi kwa wakati mmoja. Wajuzi huendesha seva yao. Programu ya seva ya Java hupakuliwa bure na mipangilio yake ya kuanzia inaruhusu wachezaji 20. Kwenye karatasi ni rahisi. Kwa anayetegemea intaneti ya simu kuna ukuta mmoja: kampuni nyingi za simu huwapa wateja wengi anwani moja ya intaneti kwa pamoja, kwa hiyo aliye nje hana njia ya kubisha hodi kwenye kompyuta yako wewe. Wengi hupoteza jioni nzima wakifuata maelekezo yaliyoandikwa kwa ajili ya watu wenye intaneti ya nyumbani ya Ulaya, wasijue kwamba kwa laini yao hayatafanya kazi hata wangeyarudia mara mia. Ndiyo maana huduma za seva za bure kama Aternos zimependwa. Seva inazimika watu wakitoka, na yeyote uliyemruhusu anaweza kuiwasha. Hicho kipengele cha mwisho nakithamini sana. Mgeni mwenye uwezo wa kuwasha taa mwenyewe si mgeni tena.

Ukiiendesha seva nyumbani, anwani yake usiimwage ovyo. Mwaka 2016 vijana wachache wa Marekani walitengeneza programu iliyoitwa Mirai, iliyoteka kamera na vifaa vya intaneti vya watu wasiojua lolote na kuvitumia kufurikisha seva za wengine mpaka zianguke. Shabaha yao kuu ilikuwa biashara ya seva za Minecraft. Msimbo wake ulipomwagwa hadharani, wengine waliuchukua, na tarehe 21 Oktoba mwaka huohuo shambulio dhidi ya kampuni ya Dyn likafanya tovuti kubwa kama Twitter na Netflix zisifunguke kwa mamilioni ya watu. Desemba 2021 likagunduliwa tundu kwenye programu ndogo iitwayo Log4j, na kwenye Minecraft ilitosha mtu kuandika mstari mmoja kwenye mazungumzo ya mchezo ili ajaribu kuishika mashine. Tundu lilizibwa haraka, lakini seva ambazo wenyewe hawakuzisasisha zilibaki wazi. Mwalike unayemjua, na sasisha seva yako.

Tuje kwa mgeni na mfuko wake. Mwalikaji ameshalipia mchezo, ana simu yenye nafasi, na anasahau kwamba anachomwomba rafiki ni fedha. Mchezo haugawiwi bure, na kwa ambaye hana kadi ya benki iliyounganishwa na duka la programu, kununua ni shughuli. Halafu kuna matoleo. Mwenye Java kwenye kompyuta hawezi kuingia moja kwa moja kwenye ulimwengu wa Bedrock wa simu, wala wa simu kuingia Java, isipokuwa seva ya Java iwe imewekewa programu ya kutafsiri baina yao iitwayo Geyser. Hata wa Bedrock kwa Bedrock wanakataliana iwapo simu moja imesasisha na nyingine bado. Nusu ya mialiko inayofia mlangoni, kwa nilivyoona, hufia kwenye ujumbe wa kwamba toleo lako limepitwa. Dakika tano za kuulizana mapema, una simu gani, toleo namba ngapi, nafasi iliyobaki kiasi gani, huokoa jioni nzima.

Kuhusu bando, hofu ni kubwa kuliko gharama. Kinacholila ni kupakua mchezo na masasisho yake. Kuucheza kwenyewe hutumia data kidogo ukilinganisha na kutazama video. Kwa marafiki wasio na uwezo wa kununua, au wenye kompyuta chakavu, ningewaelekeza bila kusita kwenye Luanti, mchezo wa matofali vilevile, uliojulikana kama Minetest mpaka 2024. Ni programu huria, ni bure, unaendeshwa hata na mashine dhaifu, na kila mtu anaweza kufungua seva. Haupendezi macho kama Minecraft na watu wake ni wachache, lakini kundi la marafiki wanne halihitaji watu milioni.

Umbali nao una sauti yake. Seva nyingi za bure ziko Ulaya, na njia yetu ya kufika huko ni nyaya za chini ya bahari, kama SEACOM iliyowashwa 2009 na EASSy iliyofuata 2010. Mwanga ndani ya nyuzi hizo hukimbia kilomita laki mbili hivi kwa sekunde, na njia ya kutoka Dar es Salaam hadi Ujerumani kupitia Bahari ya Shamu ni ndefu kiasi kwamba kwenda na kurudi huchukua sehemu ya kumi ya sekunde au zaidi hata hali ikiwa nzuri. Seva ya Minecraft hupiga hesabu zake mara 20 kwa sekunde. Maana yake mchezaji wa kwetu daima yuko hatua mbili tatu nyuma: unavunja tofali, linarudi, kisha linavunjika kweli, unadhani umekwepa mshale, kumbe ulishakupata. Kwa kujenga, kulima na kuchimba, uzito huo unazoeleka kabisa. Kwa kupigana ni mateso. Kwa hiyo mwalikaji mwenye wageni wa Dodoma, Kisumu na Muscat kwenye seva iliyoko Ulaya, asiwaite kwenye vita. Awaite kwenye ujenzi. Na siku waya zikikatika, kama tarehe 12 Mei 2024 EASSy na SEACOM zilipokatika pamoja na intaneti ikazorota Tanzania na kwa majirani zake, hakuna la kufanya ila kupumzika.

Tuseme yote hayo yamepita. Rafiki amepakua, toleo linalingana, ameingia. Hapa ndipo mahali ninapotaka msomaji asimame nami, maana dakika kumi zinazofuata huamua kama atarudi.

Mgeni hatui nyumbani kwako. Anatua kwenye sehemu ya kuanzia ya ulimwengu, na wewe pengine ulishahama siku nyingi ukafuata mlima mzuri matofali 2,000 mbali. "Uko wapi?" unamwuliza. "Sijui, naona miti tu." Unamtajia namba tatu za mahali ulipo, naye hajui namba zake anazisoma wapi. Kwa mwendo wa kawaida wa matofali manne na kitu kwa sekunde, safari hiyo ni karibu dakika nane za mstari ulionyooka, na porini hakuna mstari ulionyooka. Siku nzima ndani ya mchezo ni dakika 20, na mwanga wa mchana ni nusu yake. Giza linamkuta njiani, hana panga wala mwenge. Creeper, lile jitu la kijani lisilo na mikono, linamjia kimyakimya, linafoka kwa sekunde moja na nusu, linalipuka. Vitu vichache alivyookota vinatawanyika chini na vitatoweka baada ya dakika tano. Yeye anarudishwa alipoanzia, miti ileile, mikono mitupu. Wewe wakati huo uko kwenye kasri lako lenye taa, unamwambia kwenye simu, "Njoo tu, ni karibu."

Mgeni wa mkoani hupokewa stendi, na huyu naye apokewe hivyo. Mwenyeji atangulie kwenye sehemu ya kuanzia, amsubiri, watembee pamoja. Au kwa amri moja ahamishe sehemu hiyo iwe mlangoni kwake. Ajenge hapo kibanda chenye kitanda, mkate, mienge na kibao chenye mshale wa njia. Kwa wanaoanza kabisa awashe sheria inayomwachia mtu vitu vyake hata akifa, watakuja kuizima wenyewe wakishakomaa. Asimpe mgeni deraya ya almasi. Ukarimu huo unaonekana mzuri, na ni njia ya haraka kabisa ya kumwondolea hamu. Anayeanza ana furaha moja ambayo wewe huwezi kuipata tena: sululu ya kwanza ya mbao, kisha ya jiwe, kisha siku ile chuma cha kwanza kinapotoka kwenye tanuri. Ukimkabidhi mwisho wa safari mlangoni, amebakiwa na nini?

Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Kwenye Minecraft jembe ni kifaa kweli, vijiti viwili na mbao mbili, na sijui ushauri mwingine unaowafaa waalikaji wa mchezo huu kuliko huo. Kumpa jembe ni kumpa sehemu ya ulimwengu ambayo hujaigusa na kusema: hapa ni pako, panda, jenga, bomoa, usiniulize. Ningekwenda mbali zaidi. Jembe litolewe siku ya kwanza. Waliocheza peke yao kwa miezi na ndipo wakaalika wako kwenye nafasi ngumu, kwa sababu kila kilicho kizuri tayari kina mwenyewe. Kama unajua utawaita watu, acha bonde bila daraja. Acha reli ikomee porini. Na kama ulimwengu wako umeshakamilika, uhifadhi kama kumbukumbu yako, anza mwingine mpya siku hiyo mnayoingia wote, mpigwe na usiku wa kwanza pamoja.

Ushahidi wangu mzuri kabisa wa jambo hili unatoka Nairobi. Mwaka 2012 Mojang na UN-Habitat, shirika la makazi la Umoja wa Mataifa lenye makao makuu Gigiri, walianzisha mradi wa Block by Block, unaotumia Minecraft kupanga maeneo ya umma. Uwanja wa michezo wa Silanga, Kibera, ulikuwa miongoni mwa maeneo ya mwanzo. Katika warsha za mradi huo, eneo halisi hutengenezwa ndani ya mchezo, kisha wakazi wanaalikwa kuingia. Hukaa wawili hadi wanne kwenye kompyuta moja, vijana na wazee, na wengi wao hawajawahi kushika kipanya. Baada ya muda mfupi wanasogeza njia, wanaweka taa mahali wanapopaogopa usiku, wanapanda miti, wanabishana kuhusu choo kikae wapi, na mwisho wanawaonyesha wataalamu na viongozi walichokipanga. Waalikwa hawa hawakuwa na sababu yoyote ya kuupenda mchezo wa kompyuta. Walikaa kwa sababu walichoitiwa kilikuwa hakijaamuliwa, na ni chao. Mradi huo umefanyika baadaye katika nchi nyingi, Peru, Haiti na India zikiwemo, kwa utaratibu huohuo.

Kugawa ulimwengu kuna hatari yake, na wenye hofu hawakosei. Masanduku ya kawaida ya Minecraft hayana kufuli. Nyumba ya wiki tatu inaweza kuteketea kwa dakika mbili kwa ndoo ya lava. Iko seva moja, 2b2t, iliyoanza Desemba 2010 na isiyo na sheria yoyote: eneo wanapotua wageni limekuwa jangwa la mashimo, na wengi hufa njaa kabla hawajalivuka. Upande wa pili iko Autcraft, iliyofunguliwa mwaka 2013 na Stuart Duncan wa Kanada, mwenye usonji na mzazi wa mtoto mwenye usonji, baada ya kusikia jinsi watoto wa aina hiyo walivyokuwa wanaonewa kwenye seva za wazi. Huingii Autcraft bila jina lako kuandikwa kwanza kwenye orodha ya walioruhusiwa. Orodha hiyo ni kipengele cha kawaida cha kila seva ya Java, cha bure, na kila mwalikaji aiwashe kabla ya kutuma anwani popote. Si ubaguzi. Ni kuwahakikishia walioko ndani kwamba wanajua nani anaweza kuwabishia hodi.

Lakini kati ya marafiki, uharibifu wa makusudi ni nadra. Magomvi yanatokana na vitu vidogo: nani kachukua chuma changu, nani kamuua mbwa wangu wakati wa kupigana na majitu ya mifupa, nani kajenga mnara unaoniziba bahari. Haya hayazuiliwi kwa programu. Yanahitaji maneno mapema, na maneno machache yanatosha: sanduku la sebuleni ni la wote, la chumbani ni la mwenyewe, mashamba, anayevuna apande tena, kabla ya kujenga jirani na mtu, muulize. Cha thamani kabisa kiwekwe kwenye sanduku la ender, ambalo kila mchezaji akilifungua huona vitu vyake yeye tu. Mwenye ulimwengu achukue nakala ya faili mara kwa mara. Na mamlaka ya amri, uwezo wa kuhamisha watu, kufukuza, kujipa vitu, yasikae kwa mtu mmoja. Anayeujua ulimwengu vizuri baada yako mpe naye. Nimeona makundi yakivunjika kwa sababu mwenyeji alijipa almasi kwa amri wakati wenzake wanachimba, na hakuna aliyesema neno, walipungua tu mmoja mmoja.

Kwa watoto, mzazi aelewe kwamba akaunti ya mtoto ya Microsoft haiingii kucheza na wengine mtandaoni mpaka mzazi atoe idhini. Atoe kwa kujua nani wamo. Seva ya binamu na wanafunzi wenzake ni kitu kimoja, seva ya wageni maelfu ni kitu kingine kabisa.

Idadi ya waalikwa nayo inahitaji uamuzi. Watatu hadi watano, kwa maoni yangu, ni kundi linaloweza kukaa. Wawili wanaelemeana. Kuanzia kumi, kila mmoja anadhani wengine wapo, na jioni nyingi hakuna aliyepo. Hata kundi zuri huchoka. Marafiki wakipoa baada ya mwezi, hilo si kushindwa, ni tabia ya mchezo wenyewe: vilivyokuwa vigumu vimekuwa rahisi, na njaa ya mwanzo imekwisha. Hermitcraft, seva ya watengeneza video ambayo huingii bila kualikwa, imedumu tangu 2012 kwa kulikubali jambo hilo. Wao hucheza kwa misimu. Msimu ukifika mwisho wanaufunga ulimwengu, wanapumzika, kisha wanaanza mpya pamoja, wote maskini, wote bila nyumba. Kundi la marafiki linaweza kufanya vivyo hivyo kwa kiwango chake: miezi miwili ya likizo, kisha mapumziko bila kulaumiana, kisha mwaliko mpya toleo jipya likitoka.

Na ulimwengu wa zamani? Hapa wengi hawajiulizi mpaka wamechelewa. Malipo ya mwezi yanakoma, simu inaibiwa, mwenye seva anapata kazi mjini na kompyuta inauzwa, na kazi ya mikono ya watu watano inapotea kwa sababu faili lilikuwa la mmoja. Kwenye Bedrock ulimwengu mzima hutolewa kama faili moja linaloweza kutumwa kwa mwenzako akalifungua kwenye simu yake. Kwenye Java ni folda inayobanwa na kupakiwa popote. Kwa Realms, anayeweza kuupakua ni mwenyewe tu, wageni hawana njia hiyo. Kwa hiyo makubaliano haya yafanywe siku ya kwanza, pamoja na yale ya masanduku na mashamba: kila mwisho wa mwezi mwenyeji anapakua nakala na kuiweka mahali ambapo wote wanaifikia, na akitaka kuacha mchezo, anawaambia wenzake wiki moja kabla ili anayetaka kuendelea nao auchukue.